Picha Inatoka, Kijiti Kinakataa: Mario Party ya Nintendo 64 kwenye konsoli za leo

Kila likizo ya Desemba, binamu wanapojaa nyumba moja kule Umoja au Kahawa West na runinga ni moja, swali huwa lilelile: ile Mario Party ya zamani, gemu ya konsoli ya Nintendo 64, inachezeka kwenye Wii, konsoli ya Nintendo iliyokuja baadaye? Inachezeka. Inachezeka hata kwenye Switch, iliyo mpya kuliko Wii. Lakini hilo "inachezeka" limefunika mambo matatu yasiyofanana, na asiyeyatenganisha huishia kununua mashine isiyomfaa, au kuilaumu mashine kwa kosa la padi, yaani kidhibiti cha mkononi.

Gemu yenyewe ni ludo iliyochangamka. Wachezaji wanne wanarusha dadu na kuzunguka ubao wakitafuta sarafu na nyota, na kila mzunguko ukiisha wote wanaingizwa kwenye kamchezo kafupi: kuruka kamba ya moto, kusukumana juu ya mipira, kuvutana kamba. Mshindi anaongezewa sarafu, dadu inaendelea. Hudson Soft ya Japani ndiyo iliyoiunda, ikatoka kwao Desemba 1998 na Marekani Februari 1999. Ya pili ilifuata baada ya mwaka mmoja, ya tatu Desemba 2000. Zote tatu zilisimama juu ya kitu ambacho Nintendo 64 ilikuja nacho mwaka 1996, yaani matundu manne ya padi mbele ya mashine. PlayStation ya wakati huo ilikuwa na mawili, na ukitaka watu wanne ulinunua kifaa cha ziada.

Sasa hayo mambo matatu.

La kwanza halina uigaji wowote, yaani mashine moja kujifanya nyingine. Ukiweka diski ya Mario Party 4, 5, 6 au 7 (hizi ni za GameCube, konsoli iliyofuata Nintendo 64, zilitoka kati ya 2002 na 2005) ndani ya Wii ya mwanzo, Wii haiigi chochote. Prosesa yake ni ya ukoo uleule wa GameCube, imeongezwa tu kasi kutoka megahezi 486 hadi 729, kwa hiyo inaisoma diski ile kama yake. Unachohitaji ni padi ya GameCube na kadi ya kumbukumbu ya GameCube. Ndiyo maana jirani anaweza kukuapia kwamba Wii yake "inacheza Mario Party za kale bila shida" na asiwe amedanganya. Anazungumzia za diski.

La pili ni gemu iliyojengwa upya. Mario Party Superstars ya Switch, ya mwaka 2021, imechukua mbao tano za enzi ya Nintendo 64 na michezo midogo mia moja kutoka gemu mbalimbali za mfululizo huu, ikazichora na kuziandika upya kwa ajili ya mashine mpya. Ni tamu, na kwa familia nyingi inatosha kabisa. Ila si ile ya 1998.

La tatu ndilo hasa watu wanaloulizia: kuichukua programu ileile iliyokuwa ndani ya katriji (kile kibweta cha plastiki kilichobeba gemu), bila kubadilisha herufi, na kuiendesha kwenye mashine ambayo haijawahi kuijua. Kazi hiyo inafanywa na emuleta, programu inayoifanya mashine moja ijifanye nyingine. Nintendo yenyewe iliuza Mario Party 2 kwa njia hii kwenye Wii mwaka 2010, kupitia duka lake la mtandaoni, lakini duka hilo lilifungwa Januari 2019 na aliyekuwa hajanunua hawezi tena kununua. Kwenye Switch, ya kwanza na ya pili zililetwa Novemba 2022 na ya tatu Oktoba 2023, kwa wanaolipia kile kifurushi kikubwa cha usajili. Nje ya Nintendo kuna emuleta za watu wa kujitolea. Kwa Wii zinazojulikana ni Wii64 na mdogo wake Not64.

Hapa ndipo wengi hushangaa. Nintendo 64 ilikuwa na prosesa ya megahezi 93.75 na kumbukumbu ya megabaiti 4. Wii ina megahezi 729 na megabaiti 88. Mashine iliyozidi mwenzake karibu mara nane inahangaikaje?

Inahangaika kwa sababu prosesa hizi mbili haziongei lugha moja. Ya Nintendo 64 ni ya aina ya MIPS, ya Wii ni PowerPC. Agizo dogo kabisa, kwa mfano "chukua namba iliyo hapa, ongeza na ile, weka jibu pale", limeandikwa kwa tarakimu ambazo PowerPC ikizisoma hazina maana. Emuleta ya kawaida kabisa hulichukua kila agizo, ikaliangalia ni la aina gani, ikatafuta namba zinazohusika, ikafanya hesabu, ikaandika jibu, kisha ikasogea kwa agizo linalofuata. Tuseme kila agizo la MIPS linagharimu maagizo kumi tu ya PowerPC. Milioni 93 mara kumi ni milioni 930 kwa sekunde, na bajeti yetu nzima ni 729. Umeshindwa kabla hujagusa picha wala sauti.

Njia ya kutoka hapo ni kutafsiri mapema. Emuleta inachukua kipande kizima cha maagizo, inakigeuza kuwa cha PowerPC mara moja, inakihifadhi, na kila gemu inaporudi kwenye kipande hicho inatumia kilichokwisha kugeuzwa. Gemu hurudia vipande vilevile mara nyingi kila sekunde, kwa hiyo gharama ya kutafsiri inalipwa mara moja na faida inavunwa muda wote. Bila mbinu hii, Wii isingethubutu.

Kuna bahati moja ya Wii ambayo watu hawaitaji sana. Namba inayochukua baiti nne inaweza kupangwa kwenye kumbukumbu kwa kuanza na baiti kubwa au kwa kuanza na baiti ndogo. Nintendo 64 huanza na kubwa, na Wii hivyohivyo. Kompyuta zetu za kawaida, na hata Switch, huanza na ndogo, kwa hiyo emuleta zake lazima zishughulike na kupindua mpangilio huo. Ndiyo sababu pia faili za gemu hizi zina mikia tofauti: z64 ni mpangilio wa asili, v64 una baiti zilizobadilishana nafasi mbilimbili, na n64 umepinduliwa kabisa. Yaliyomo ni yaleyale. Emuleta nyingi hutambua zenyewe, ila ukiona moja inakataa faili ambayo nyingine imeikubali, anza kuangalia hapo.

Picha ni hadithi nyingine. Nintendo 64 ilikuwa na chipu ya pili iliyopakiwa programu ndogo na gemu yenyewe, na programu hiyo ndiyo iliyochora. Kuiga chipu hiyo kwa uaminifu, hatua kwa hatua, ni mzigo ambao Wii haiuwezi. Mwaka 1999 emuleta ya kompyuta iitwayo UltraHLE ilishtua watu kwa kukwepa mzigo huo: badala ya kuiga chipu, ilitambua gemu inataka kuchora nini, ikaikabidhi kazi hiyo kadi ya picha ya kompyuta moja kwa moja. Emuleta nyingi zinafanya hivyo hadi leo, na inafaulu kwa sababu gemu nyingi zilitumia programu ndogo chache tu zilizotolewa na Nintendo. Walioandika zao wenyewe, kama Factor 5 na gemu yao ya Rogue Squadron, waliwasumbua waundaji wa emuleta kwa miaka mingi.

Gharama ya mkato huo huonekana pale gemu inapotaka kuisoma picha ambayo imeshachorwa. Kwenye gemu ya Zelda ya Nintendo 64, ukisimamisha mchezo, mandhari iliyo nyuma ya menyu ni nakala ya picha iliyokuwa kwenye skrini. Kama kadi ya picha ndiyo iliyochora na emuleta haikuirudisha nakala hiyo mahali gemu inapoitafuta, unapata weusi. Makosa ya aina hii yanaonekana kwa macho, ukiyaona unajua tatizo ni nini, na mengi yamepatiwa dawa.

Sauti naiguse tu. Nintendo 64 haikuwa na chipu ya sauti ya pekee. Muziki ulitengenezwa na prosesa zilezile zilizokuwa na kazi nyingine. Kwa hiyo muziki ukianza kukwaruza, emuleta imeelemewa. Sikio litajua kabla ya jicho.

Kuna mtego mmoja ambao sisi wa Nairobi tunaangukia kuliko wengine. Konsoli nyingi za mtumba zinazofika Luthuli Avenue ni "ex-UK". Plagi yake ya pini tatu inaingia ukutani bila adapta, volti 240 ni zilezile, na mfumo wa picha ni PAL kama runinga zetu za zamani. Raha tupu, ila PAL ilichora mara 50 kwa sekunde, wakati Marekani na Japani zilichora mara 60. Gemu nyingi zilizoletwa Ulaya hazikurekebishwa ipasavyo, basi zikawa zinatembea polepole kwa karibu asilimia 17, muziki na wahusika pamoja. Hata gemu za Nintendo 64 zilizouzwa kwa ajili ya Wii za Ulaya zililalamikiwa kwa hilohilo. Mtu aliyeicheza kwenye mashine ya Uingereza, kisha akacheza toleo la Marekani kwenye emuleta, hudhani emuleta "inakimbiza". La hasha. Ile ya kwanza ndiyo iliyokuwa ikijikokota.

Kulijua toleo, soma herufi, lakini soma kwa makini. Kwenye majina ya faili yaliyozoeleka, U ni Marekani, E ni Ulaya na J ni Japani. Ndani ya faili lenyewe, katika alama ya nchi iliyowekwa na Nintendo, E ni Marekani na P ndiyo Ulaya. Herufi moja, maana mbili, na emuleta inafuata ile ya ndani.

Yote hayo, hata hivyo, ni matatizo ya mashine, na kwa sehemu kubwa yameshapatiwa dawa. Kinachoamua kama Mario Party itakuwa Mario Party ni padi. Gemu ya mtu mmoja inavumilia padi mbaya, kwa sababu unazoea. Gemu ya watu wanne haivumilii, kwa sababu mwenye padi mbaya ameshindwa kabla dadu haijarushwa.

Kijiti cha padi ya Nintendo 64, kile kinachosukumwa kwa kidole gumba kumwendesha mhusika, hakikufanana na cha leo. Ndani yake kulikuwa na visahani vyenye matundu vilivyopita mbele ya mwanga, na mashine ilihesabu matundu kujua kijiti kimefika wapi. Ijapokuwa nafasi ya namba iliruhusu hadi 127 kila upande, kijiti kizima kilifika karibu 80 tu. Ukingo wake pia ulikuwa wa pembe nane: ukisukuma kwa mshazari kijiti kilikaa kwenye kona, kikitoa karibu 70 mlalo na 70 wima. Sasa chukua padi ya kisasa yenye ukingo wa mviringo. Emuleta ikipima vizuri, mbele utapata 80, lakini mshazari utapata kama 57 na 57. Mhusika wako anatembea mshazari kwa unyonge, na kwenye mchezo wa kusukumana juu ya mipira, ambapo nusu ya mbinu ni kumvamia mwenzako kutoka pembeni, unaelea tu. Emuleta ikipima vibaya na kupeleka 127 yote, hali inageuka: mguso mdogo tu na umejirusha ukingoni.

Kisha kuna ile michezo ya kuzungusha. Mario Party ya kwanza ina Tug o' War, mmoja dhidi ya watatu kwenye kamba, na anayezungusha kijiti haraka zaidi ndiye anayevuta. Watoto waligundua kwamba kidole gumba hakitoshi, wakaanza kuzungusha kwa kiganja, na viganja vikachubuka. Malalamiko yalifika kwa mwanasheria mkuu wa jimbo la New York, na Machi 2000 Nintendo ikakubali kuwapa wateja glavu. Ndiyo, glavu za kuchezea gemu. Vijiti vyenyewe pia viliumia, maana plastiki ilisagana na plastiki ikatoa unga mweupe, na padi nyingi za mtumba za Nintendo 64 leo zina kijiti kinachoning'inia kama jino la mtoto wa darasa la kwanza. Michezo ya namna hiyo ikaachwa katika gemu zilizofuata mara baada yake. Ilipofika zamu ya Switch mwaka 2022, gemu ya kwanza ilikuja na onyo kabla ya kuanza: usizungushe kijiti kwa kiganja. Onyo hilo lifuate, na si kwa ajili ya ngozi tu. Vijiti vya Switch ni vidogo na havikuumbwa kwa adhabu ile.

Kwa hiyo mtu akiniuliza anunue Wii ipi kwa kazi hii, kabla ya kuuliza bei namwambia afungue kifuniko cha pembeni. Wii za mwanzo zina matundu manne ya padi za GameCube. Zilizotoka kuanzia 2011, pamoja na Wii Mini, hazina. Na padi ya GameCube ndiyo iliyo karibu zaidi na ya Nintendo 64, kwa kuwa ukingo wake nao ni wa pembe nane, ina waya, na kijiti chake cha manjano kinashika nafasi ya vile vitufe vinne vya C vya padi ya Nintendo 64. Rimoti ya Wii peke yake haina kijiti, kwa hiyo haifai. Itabidi uichomekee ile padi inayoitwa Classic Controller. Padi za kuiga za bei nafuu zipo na nyingine ni nzuri, lakini zijaribu dukani: zungusha kijiti polepole ukitazama mhusika, uone kama kuna mahali anasimama ilhali wewe hujasimama.

Kuchelewa kwa kitufe ni suala la mwisho la padi, na hapa nina maoni tofauti kidogo na wengi. Picha moja kwenye mfumo wa mara 60 hudumu milisekunde 16.7. Padi isiyo na waya, emuleta yenyewe, na runinga bapa inayopamba picha kabla ya kuionyesha, kila moja inaweza kuongeza picha moja au kadhaa. Washa ile hali ya gemu kwenye runinga na utaondoa sehemu kubwa. Baada ya hapo, kuchelewa kulikobaki si janga mradi ni kwa wote. Kwenye kuruka kamba ya moto, wanne wanaochelewa sawasawa watazoea mdundo mpya baada ya raundi chache. Ugomvi huzuka pale wawili wana padi za waya na wawili wana za Bluetooth. Afadhali wote wanne muwe na padi za wastani zinazofanana kuliko mbili nzuri na mbili za kubahatisha. Na kumbuka kwamba wachezaji wanaoendeshwa na gemu yenyewe hawachelewi hata kidogo. Ukiona kompyuta inaruka kamba vizuri kupita kawaida, usiwe mwepesi wa kuiita mwizi.

Sheria nayo ina mikanganyiko yake, ingawa ni michache kuliko watu wanavyodhani. Emuleta yenyewe, ikiwa imeandikwa upya bila kunakili programu ya mwenye mashine, si haramu. Mahakama ya rufaa ya Marekani ililiamua hilo mwaka 2000 katika kesi ya Sony dhidi ya Connectix. Waundaji wa Yuzu, emuleta ya Switch, waliokubali kuilipa Nintendo dola milioni 2.4 mwaka 2024, walibanwa kwa suala la kuvunja kufuli za gemu zinazouzwa sasa, na katriji ya 1998 ni jambo jingine. Kilicho na mwenyewe ni faili la gemu. Hapa Kenya, Sheria ya Hakimiliki ya 2001 inamruhusu aliye na programu kihalali kujiwekea nakala ya akiba, kwa hiyo mwenye katriji yake na kifaa cha kuisoma yuko mahali pazuri. Anayepakua tu hayuko. Ule usemi kwamba ukiifuta ndani ya saa 24 si kosa haumo katika sheria yoyote, na hoja kwamba gemu "imeachwa" haisimami wakati Nintendo inaikodisha hadi leo.

Bei ya kuikodisha, kwa kile kifurushi kikubwa cha usajili wa Switch, ni dola 49.99 kwa mwaka kwa mtu mmoja, kama shilingi 6,500 kwa kiwango cha karibu 130 kwa dola, na akaunti za hapa kwetu hufunguliwa mara nyingi kwa eneo la Marekani, Uingereza au Afrika Kusini. Mashine inatakiwa kuonana na intaneti angalau mara moja kila siku saba, la sivyo gemu hizo hazifunguki. Ukienda nayo ocha, kijijini, kwa wiki mbili, hakikisha una bando.

Mwisho, kuhifadhi. Gemu ya asili ilihifadhi kidogo sana, kwenye chipu ambayo katika katriji za aina hii ilikuwa ya nusu kilobaiti au kilobaiti mbili. Emuleta imeongeza jambo ambalo Nintendo 64 haikuwa nalo, yaani kuigandisha mashine nzima sekunde hiyo na kuirudisha baadaye ilivyokuwa. Stima ikipotea katikati ya mchezo wa raundi 50, utashukuru kama uliigandisha mapema. Ila usiitegemee kwa muda mrefu: iliyogandishwa na emuleta moja aghalabu haifunguki kwenye nyingine, au hata kwenye toleo jipya la ileile, wakati kale kafaili kadogo ka gemu kanahama vizuri. Vilevile mkubaliane kabla ya kuanza nani ana ruhusa ya kurudisha. Dadu ya Mario Party hutegemea pia umeibonyeza wakati gani, na mtu akirudisha mashine kabla ya zamu yake, anaweza kurusha tena na tena mpaka ipatikane namba ya kumfikisha kwenye nyota.